Mzimu Ulipita, Kamera Ikamtazama Justa

Sura ya Tisa

Mzimu nilikuwa mimi. Nalisema mapema, asije mtu akanikatisha katikati kwa maswali. Nimeishi Korogwe miaka sitini na nne, nimezaa watoto sita, nimezika mume, nimeimba kwaya ya kina mama mpaka sauti ikanikimbia. Katika hayo yote, kazi niliyoifanya kwa moyo wangu mzima ni ile ya kuwa mzimu katika filamu ya Parsimei. Na hata hiyo, kama mtakavyoona, haikunipa heshima niliyostahili.

Jumamosi hiyo tulikuwa Handeni, mimi na mjukuu wangu Justa, tumekaa benchi la tatu ndani ya banda la video la Isaka. Ilikuwa haijafika saa nane mchana. Vumbi jekundu la njiani bado limetukaa kwenye nyusi. Nje, Isaka mwenyewe alikuwa juu ya kreti la soda, kipaza sauti mdomoni, anaiambia Handeni yote.

"Kanda imeokotwa! Wenye moyo mdogo wabaki nyumbani! Imeokotwa katika nyumba ya meneja wa shamba la mkonge, kule njia ya Hale! Binti mmoja wa Korogwe na kijana mshika kamera! Waliingia, hawakutoka! Mpaka leo hawajaonekana!"

Justa akanishika goti. "Bibi, anasema sijaonekana mpaka leo."

"Jifunike khanga basi, usimharibie biashara."

"Twende zetu."

"Twende wapi na filamu haijaanza? Kaa, mke mwenzangu."

Hivyo ndivyo ninavyomwita, mke mwenzangu, maana babu yake alipokuwa hai alikuwa akimwita mchumba mbele yangu bila haya. Akakaa. Akainuka. Akachungulia mlangoni, akarudi, akaufungua mkoba wake na kuufunga bila kutoa kitu. Akaanza kung'ata ukucha, akakumbuka kwamba ni mtu mzima wa miaka ishirini na miwili, akauficha mkono chini ya paja. Mimi nilikuwa na muhogo wangu wa kuchoma, namtazama huku natafuna. Msichana mwenye mapenzi hana tofauti na mbuzi aliyefungwa kamba fupi.

Kilichomtoa Korogwe ni hiki. Kijana mmoja anaitwa Eliasi, fundi wa mitambo ya umeme kule Hale, alikuwa ameleta barua ya posa nyumbani kwa mwanangu Matayo, baba yake Justa. Eliasi hana kasoro. Viatu vyake vinang'aa, anakaa nyumba ya wafanyakazi yenye bomba ndani, na televisheni na deki sebuleni. Kosa lake ni moja tu, kwamba hakuzaliwa Parsimei. Jibu la barua lilikuwa litolewe kesho yake, Jumapili, baada ya ibada, wageni wa Hale wakishakaa. Matayo alikuwa ameondoka alfajiri kwenda kutafuta mbuzi wa kuwapokelea. Sisi tulimuaga kwamba tunakwenda kununua vitambaa, maana Justa ni fundi cherehani, na vitambaa hununuliwa popote.

Na Parsimei? Parsimei ni mtoto wa wafugaji wa mbuga za huku Handeni. Miaka miwili nyuma alichukua mitamba miwili aliyopewa na baba yake, akaibadilisha kwa kamera ya video. Mama yake, Nkoile, mpaka leo anaililia ile mitamba kwa majina. Kijana akaanza kupiga picha za harusi na kipaimara, Korogwe, Mombo, Handeni, popote anapoitwa. Katika harusi moja pale Korogwe alimkuta Justa akimalizia nguo za wasimamizi. Kuanzia siku hiyo, miezi minane, kila harusi yenye nguo za Justa ina kamera ya Parsimei, na kila mwezi kijana anapita kwetu kusalimia. Ananiamkia, "Shikamoo, koko," maana koko ndiyo bibi kwa lugha yao. Anakunywa chai. Anamtazama Justa. Anaondoka. Neno, hakuna.

Siku ile barua ya Hale ilipofika, Justa alimfuata stendi akamwambia waziwazi, "Kama una la kusema, liseme kabla ya Jumapili." Unajua alijibu nini? Alijibu, "Jumamosi njoo Handeni uione kanda."

Basi tumekuja kuiona kanda.

Kanda yenyewe tuliitengeneza mwezi uliotangulia. Siku hizo zilikuwa zimeingia zile filamu za kanda zilizookotwa. Hazina muziki, hazina mwigizaji unayemjua. Ni kamera tu inayotikisika mkononi mwa mtu anayekimbia, na mwanzo unaambiwa kwamba waliopiga picha hizi hawapo tena duniani. Watu walitoka kwa Isaka wanatazama nyuma, wengine wakalala na taa. Parsimei akasema, na sisi tutengeneze ya kwetu. Nyumba ya kutisha ipo, ile ya meneja wa zamani, milango imeng'olewa, popo wamejaa darini. Tukaenda mchana, tukaziba madirisha kwa mablanketi ili kuwe na giza. Justa atangulie na tochi, Parsimei afuate na kamera, na mimi, nimejifunga shuka nyeupe, uso nimejipaka unga wa muhogo, nipite mlangoni mara tatu.

Justa aliweka sharti moja. "Uso wangu usionekane. Baba akijua, nimekwisha."

"Utaonekana mgongo tu," Parsimei akasema. "Nakuahidi."

Sasa turudi bandani. Parsimei aliingia akiwa na dumu tupu la mafuta ya jenereta. Mrefu, mwembamba, shati limechomekwa vizuri. Alipomwona Justa alisimama kama mtu aliyekanyaga mwiba akaona aibu kulia.

"Umekuja," akasema.

"Si umeniita?"

"Ndiyo."

Wakatazamana. Mimi nikaangalia muhogo wangu, lakini masikio hayana kope.

"Parsimei, kesho baba anajibu barua."

"Najua."

"Unajua, halafu?"

Akahamisha dumu kutoka mkono wa kulia kwenda wa kushoto. "Angalia kwanza kanda."

"Kanda nimeshaambiwa niangalie. Sasa hivi nakuuliza wewe, si kanda."

Akafungua mdomo. Nikaacha kutafuna. Nikasema moyoni, haya mume wangu, sema, sema sasa. Akasema, "Jenereta linataka mafuta." Akatoka.

Justa akageuka kwangu, macho yamejaa. "Umeona, Bibi? Umeona mwanaume?"

"Nimeona. Babu yako naye alikuwa hivyo hivyo. Alinichumbia kwa kikohozi."

"Usinichekeshe."

"Sikuchekeshi. Alikohoa mwaka mzima, mama yangu akataka kumpeleka zahanati."

Banda likajaa. Isaka akaingia, akashusha gunia la mlangoni, giza likatanda, akaipachika kanda kwenye deki. Kwenye kioo yakatokea maandishi meupe: KANDA HII ILIOKOTWA. WALIOMO HAWAJULIKANI WALIPO. Mama mmoja mnene aliyekaa kushoto kwa Justa akasema, "Mungu wangu, watoto wa watu." Justa akavuta khanga mpaka puani.

Picha ikaanza. Ukumbi wa ile nyumba, mwanga wa tochi ukutani, mgongo wa Justa mbele. Vizuri. Mgongo ukatembea. Kamera ikaufuata, ikapanda kidogo, ikafika shingoni. Pale shingoni kuna kinywele kimoja kilichotoroka kwenye msuko. Kamera ikasimama hapo. Ikakaa. Nyuma kabisa, pembeni, kitu cheupe kikapita.

"Mzimu huo!" kijana mmoja wa mbele akapiga kelele. "Mlangoni!"

"Uko wapi?"

"Umeshapita! Mpiga picha anaangalia shingo!"

Ule ulikuwa mpito wangu wa kwanza. Nilikuwa nimeufanyia mazoezi wiki nzima mbele ya kuku.

Tukaendelea. Chumba cha pili. Justa anaupapasa ukuta, kamera inautazama mkono wake, kidole cha shahada chenye kovu dogo la sindano ya cherehani. Nikapita mara ya pili, safari hii nikiwa nalia kwa sauti ya kaburini. Sauti ilisikika. Banda zima likapiga yowe. Kamera, badala ya kuniangalia mimi ninayelia, ikageuka kumwangalia Justa anavyoshtuka. Uso wake wote, macho, mdomo umefunguka kidogo, jasho juu ya mdomo.

"We mshika kamera!" wakamfokea. "Kushoto! Mzimu uko kushoto!"

"Amerogwa huyu!"

"Hajarogwa, kapenda!" akasema yule mama mnene, na banda likacheka.

Lakini Justa hakucheka. Nilisikia pumzi yake imebadilika. "Aliniambia mgongo," akanong'ona. "Bibi, aliniahidi mgongo."

Uso ukabaki kwenye kioo. Unacheka, unaogopa, unajifuta jasho, unanuna. Nikapita mara ya tatu, karibu kabisa, nimenyoosha mikono yote miwili. Katika kanda nilionekana kiwiko. Kiwiko kimoja, tena nusu.

Halafu ikafika pale ambapo hatukupapanga. Ubao wa sakafu ulivunjika chini ya mguu wa Justa. Ukasikia kwaa! Tochi ikaruka. Na sauti ya Parsimei, si ya kuigiza, sauti ya mtu aliyechomwa kisu, "Justa! Justa!" Picha ikazunguka, dari, ukuta, dari, ikaanguka, ikabaki inatazama kona yenye utando wa buibui. Hapo picha ikaganda. Banda kimya. Hakuna aliyetafuna karanga.

Ni katika kimya hicho gunia la mlangoni lilipofunguliwa, na mwanga wa mchana ukaingia pamoja na mtu anayehema na mbuzi.

Alikuwa Matayo, mwanangu. Mbuzi wa Korogwe walikuwa hawakumpendeza, akapanda gari mpaka mnada wa Handeni. Pale mnadani, ameshamshika kamba mbuzi wake, akasikia kipaza sauti: binti wa Korogwe, njia ya Hale, kanda imeokotwa. Hakujali. Kisha akapita mtu aliyechungulia bandani mara ya kwanza Isaka alipokuwa anaijaribu kanda asubuhi, akasema binti mwenyewe mrefu, ana mwanya, jina lake Justa. Matayo alikimbia kutoka mnadani mpaka kwa Isaka na mbuzi mkononi, na mguu mmoja hauna kiatu.

"Mwanangu!" akalia. "Mwanangu yuko wapi? Nani kamuona mwanangu?"

Justa akasahau kila kitu. Akasimama, khanga ikaanguka. "Baba! Niko hapa, baba."

Yule mama mnene akageuka. Akautazama uso uliokuwa kwenye kioo dakika arobaini, na sasa uko karibu na bega lake, una jasho lile lile juu ya mdomo.

"Marehemu!" akapiga ukunga. "Marehemu huyu hapa!"

Nimeona watu wakitoka kanisani mvua ikinyesha, nimeona watu wakigombania gari la mwisho. Sijaona watu wakitoka mahali kama walivyotoka bandani kwa Isaka. Mlango haukuwatosha. Ukuta wa mabati upande wa nyuma ulifunguka, na ulikuwa hauna mlango. Mabenchi yakalala. Isaka mwenyewe, aliyejua kila kitu, alikimbia pamoja nao, na baadaye alisema ni mazoea.

Tulibaki mimi, Justa, Matayo na mbuzi. Nikamalizia muhogo.

Matayo alimshika mwanawe mabega, akamshika kichwa, akamgusa masikio kama anayekagua bidhaa. Machozi yanamtiririka. "Uko hai."

"Niko hai, baba. Ni filamu tu. Ni kuigiza."

"Kuigiza?"

"Ndiyo, baba."

Machozi yakakauka hapo hapo. Kwa mwanangu huyu, kati ya kulia na kugomba hakuna hata uwanja wa kugeuzia gari. "Kwa hiyo hivyo ndivyo vitambaa? Na wewe mama! Mama umemleta wewe?"

"Mimi nimeletwa," nikasema. "Mimi mzee, napelekwa tu."

"Yuko wapi aliyeshika kamera?"

Parsimei alikuwa mlangoni, dumu limejaa mkononi. Angeweza kukimbia pamoja na wale wengine, njia ilikuwa wazi pande zote. Akaingia. Akainamisha kichwa.

"Shikamoo, baba."

"Usiniite baba! Umemuua mwanangu saa nane, saa tisa unaniamkia?"

"Nisamehe, mzee."

"Miezi minane unakunywa chai kwangu. Nikasema, mtoto wa wafugaji, watu wa adabu. Kumbe unapima nyumba yangu! Kesho nina wageni. Leo Handeni nzima wanajua mwanangu ni maiti inayotembea. Nani ataoa?"

Parsimei akaliweka dumu chini. Hapo Justa akamvaa yeye.

"Mjibu baba! Au nawe ni mzimu? Uliniambia utanipiga mgongo."

"Nilikusudia mgongo."

"Dakika arobaini za uso wangu ni mgongo?"

"Kila nilipoigeuza kamera…" akaanza, akaishia hapo.

"Ikawaje?" Matayo akauliza.

Jenereta nje linakohoa.

"Nimeuliza, ukiigeuza inakuwaje?"

"Inarudi, mzee."

Matayo akamfunga mbuzi kwenye mguu wa benchi, akainua benchi lingine, akakaa. "Irudishe kanda mwanzo. Nimeona mwanangu anavyokufa. Nataka nione alifikaje huko."

Tukaiangalia upya, watu wanne na mbuzi. Justa alikaa mbali na Parsimei, ukingoni, mguu unagonga sakafu bila kupumzika. Ilipofika chumba cha pili, Matayo akauliza.

"Mzimu ni nani?"

"Ni mimi," nikasema.

"Mama!"

"Ndiyo mwanangu."

Akaangalia zaidi. "Mbona sikuoni?"

"Na hiyo ndiyo lawama yangu. Mwulize mkweo."

"Si mkwe wangu huyu."

Lakini nilimwona anavyotazama. Mwanangu ni mkaidi, si kipofu. Alimwona mwanawe jinsi ambavyo hajamwona tangu anyonye. Aliona kile kinywele. Aliona kile kidole chenye kovu, na hapo akageuka akaangalia mkono wa Justa pale benchini kama mtu ambaye hakujua kovu lipo. Ukafika ubao, kwaa, "Justa! Justa!", kamera ikaruka, ikaanguka, kona na buibui. Safari hii hakukuwa na yowe la watu, na kanda ilikuwa haijaisha. Chini kabisa, nyuma ya mvumo wa deki, zilisikika sauti.

"Umeumia? Nionyeshe mguu. Nionyeshe."

"Sijaumia. Kamera yako, Parsimei. Kamera!"

"Achana nayo. Nionyeshe mguu."

Na mtu anapumua kama aliyekimbia kutoka Mombo. Kisha kanda ikakatika.

Matayo akakaa mikono katikati ya magoti. "Kamera hii si ndiyo ile ya ng'ombe?"

"Ndiyo, mzee. Mitamba miwili."

"Nimesikia mama yako hajakusamehe mpaka leo."

"Hajanisamehe."

"Na ukaitupa sakafuni."

Parsimei aliangalia viganja vyake. "Nilihitaji mikono miwili, mzee."

Sikuwa na muhogo tena wa kujificha nao. Nikajifuta macho kwa pindo la khanga, nikasingizia vumbi.

Mguu wa Justa ukaacha kugonga. Alimtazama kijana yule, na uso wake ulikuwa kama kitambaa kilichonyunyiziwa maji kabla ya pasi. Nikadhani sasa atamwendea. Akasimama kweli. Lakini alikwenda kwenye meza ya Isaka, akalifungua begi la kamera, akaitoa. Ubavuni ilikuwa imefungwa plasta pale ilipopasuka.

"Bonyeza wapi?" akauliza.

"Pale pekundu. Unataka nini, Justa?"

"Simama pale ukutani."

"Mimi?"

"Wewe. Nimeangalia kanda yako mara mbili. Mimi nipo, bibi yupo kiwiko, buibui yupo. Wewe hupo hata kidole. Kanda imesema vizuri sana, lakini mimi siolewi na kanda. Simama, useme kwa mdomo."

Taa ndogo nyekundu ikawaka. Parsimei akasimama ukutani, mikono hajui aiweke wapi. Akaiweka mfukoni, akaitoa.

"Naitwa Parsimei…"

"Jina tunalijua," nikasema.

"Mama, nyamaza," Matayo akasema. Mwanangu! Nikajua mambo yamegeuka.

"Sijui kusema nikiwa natazamwa," Parsimei akasema.

"Ndiyo nakutazama," Justa akajibu nyuma ya kamera. "Zoea."

Parsimei akaliangalia lile jicho la kioo, kisha akaliacha, akamwangalia aliyelishika.

"Siku ya harusi ile, ulikuwa umekaa chini nyuma ya jukwaa. Nguo ya msimamizi ilikuwa imefumuka, bibi harusi analia, watu wote wanapiga kelele. Wewe ukashona taratibu. Ukakata uzi kwa meno. Mimi nilitakiwa kupiga picha keki. Sina keki katika ile kanda mpaka leo, wenyewe wananidai." Akapumua. "Tangu siku ile, nikielekeza kamera kwingine naona kama napoteza kanda. Nilitaka kukwambia. Kila nikija, naona ukuta wa tofali, naona baba yako, nakumbuka sina ng'ombe. Nikasema labda ukiona ninavyokuona, utaelewa bila mimi kusema. Nilikosea. Nataka kukuoa, Justa. Nimesema."

Kamera ilikuwa inatikisika. Zile filamu za wazungu zinatikiswa kwa hofu. Hii ilikuwa inatikiswa na kilio.

"Na mzee," akaendelea, sasa hazuiliki, "naomba kesho usiwape watu wa Hale jibu la ndiyo. Nipe Jumapili ijayo. Nitakuja na mama yangu."

"Mama yako," Matayo akasema, "nasikia hamtaki binti wa watu wa mashamba ya mkonge kama sisi. Anasema hawajui kukamua."

"Nitajifunza," ikasema sauti nyuma ya kamera.

"Sijakuuliza wewe." Kisha akamgeukia polepole. "Haya, sasa nakuuliza. Justa, Hale kuna nyumba. Kuna maji ndani. Eliasi ni mtu mzuri."

"Ni mtu mzuri, baba. Amekuja mara tatu. Mara tatu zote amekaa kitako anasifia cherehani yangu. Hajawahi kuuliza hili kovu limetoka wapi. Nitakuwa na taa kila chumba, baba, na hakuna anayeniona."

Matayo akamsogeza mbuzi kando kwa mguu. Akainuka, akaenda kwenye deki, akabonyeza kitufe, kanda ikatoka. Akaifuta vumbi kwa mkono wa shati, akaitia mfuko wa koti.

"Mzee, hiyo ndiyo nakala pekee," Parsimei akasema kwa woga.

"Najua. Kesho hakuna mgeni atakayekuja kwangu. Naenda Hale mwenyewe asubuhi. Yule kijana ana televisheni. Nitamwamkia, nitamwomba aniwekee hii, tutakaa tuiangalie wote mpaka mwisho. Ni mtu mwenye akili, hatanidai jibu lingine." Akamfungua mbuzi, akampa Parsimei kamba. "Na wewe, mtoto wa wafugaji. Huyu amenilazimisha kukimbia na kiatu kimoja. Mchunge mpaka Jumapili ijayo. Akikonda, usije."

"Sawa, baba."

Matayo alisikia lile neno. Safari hii hakulikataa. Akatoka kwenda kutafuta kiatu.

Ule mkanda alioupiga Justa upo nyumbani kwangu, katika kabati la vikombe. Niliuomba mimi, kwa sababu zangu. Parsimei alipokuwa anasema yale maneno ukutani, mimi nilisimama, nikajifunga khanga yangu nyeupe vizuri, nikapita nyuma yake polepole, kichwa juu, kama nilivyofundishwa. Nikapita mara tatu. Mara ya tatu nilisimama katikati kabisa, nikapunga mkono. Nikasema leo lazima nionekane.

Tulipourudisha mkanda kuuangalia, simo. Hata kiwiko. Kuna uso wa Parsimei tu, kuanzia nywele mpaka kidevu, umejaza kioo chote, na kamera haijabanduka hapo mwanzo mpaka mwisho.

Nikasema basi, hawa waoane. Mimi naacha kazi ya umzimu.